Sahihi Arobaini na Tatu

Mvua ilianza kunyesha Bulengera kabla bendera haijapandishwa. Mwalimu Eliane alikuwa amekaa pale alipokaa kila asubuhi, juu ya gogo la mkaratusi nje ya lango la shule, miguu ndani ya tope, karatasi ya hukumu ndani ya plastiki chini ya kitenge.

Ukuta wa mbao hauzuii sauti. Ndani, mwaka wa pili, darasa alilolifundisha kwa miaka kumi na moja, walikuwa wakisoma kwa kumfuatisha mpwa wa directeur, mkuu wa shule. Mpwa huyo aliruka mistari, na batoto wakaruka pamoja naye.

Alifukuzwa kwa sababu ya matofali. Directeur Lusenge alitaka salongo ya Alhamisi, kazi ya mikono ya shule, ifanyiwe kwake, batoto wabebe matofali kwa kichwa mpaka kwenye nyumba anayojenga. Eliane akasimama mlangoni mwa darasa. "Hawa wana miaka saba," alisema, basi. Kesho yake akapewa barua: mkaidi. Akashtaki, na tribinali ikasema barua ile ni bure, mwalimu arudi darasani katika siku nane. Lusenge aliisoma hukumu, akaikunja mara nne, akaiweka chini ya mguu wa meza yake iliyokuwa ikiyumba.

"Papa Abdias, unifungulie."

Mlinzi mzee hakumwangalia machoni. "Mwanangu, lango haiko yangu. Sinya hapa kwanza, Directeur aone kama ulikuya."

Daftari lilikuja limefunuliwa tayari, kalamu imefungwa kwa kamba. Alitia sahihi siku arobaini na tatu, kwa mwandiko wake wa ubaoni, saa na tarehe. Alijiambia kwamba kilichoandikwa hakipotei, na kwamba siku Lusenge atakapoitwa kujibu kwa kudharau tribinali, daftari litamsemea yeye.

Siku ikafika. Lusenge aliingia tribinali na daftari lile lile kwapani, akaliweka mbele ya jaji likiwa limefungwa. Ndipo Eliane alipoona jalada lake kwa mara ya kwanza: WALIMU WALIO KAZINI.

"Président, mimi nilizarau nani?" Lusenge alisema polepole. "Hukumu ilisema arudi. Alirudi. Siku makumi ine na tatu, mukono yake mwenyewe."

Jaji akafunua kurasa. "Mama, hii sinyature ni yako?"

"Ni yangu, Président. Mais nilisinyia inje, ku gogo. Mu darasa sijaingia hata siku moya."

"Donc unasinya asubui, kisha hauingie?"

Watu wa nyuma wakacheka. Lusenge hakucheka. Alitikisa kichwa kama baba aliyechoka na mtoto mwizi. "Batoto banamungojea, Président."

"Muulize papa Abdias," Eliane alisema. "Yeye njo anafungaka lango."

Abdias alisimama, kofia mkononi, akamwangalia Directeur, kisha akaangalia chini. "Mimi ninachunga tu. Kusoma sijui. Wananipa daftari, ninapana daftari."

Jaji akaandika kwamba dharau hakuna. Akaongeza: mwalimu akikosa kuonekana kazini siku moja tena, kazi yake imekwisha.

Kesho yake ilikuwa Alhamisi. Mvua ilikuwa imekatika. Abdias akatoa mkono kwenye nafasi ya lango, daftari limefunuliwa, mstari wa arobaini na nne mtupu.

"Sinya, mwanangu. Usiposinya, watasema haukuyaka."

"Na nikisinya?"

Kutoka ndani filimbi ililia, na mzee akaacha daftari juu ya gogo, akafungua lango lote, mabawa mawili. Mwaka wa pili wakatoka mstari mmoja, kila mmoja na ngata ya majani ya ndizi juu ya kichwa, mpwa wa directeur nyuma yao na fimbo. Walipofika kwenye gogo walisimama, mikono ubavuni, kama alivyowafundisha.

"Bonjour, Maîtresse," wakasema kwa sauti moja.

Kisha wakateremka kwenda kwenye matofali. Abdias akafunga lango. Eliane alibaki nje, na daftari pembeni yake, kalamu ikining'inia kwa kamba yake juu ya tope.