Mnanaa wa Matroni

Mwalimu mkuu, mtukufu wa kitambi na hotuba, alikaukiwa na sauti asubuhi ileile ambayo wakaguzi walikuja kuamua kama anafaa kubaki na cheo. Matroni akamletea kikombe cha mnanaa.

"Mnanaa huu unafungua koo, mwalimu, ila uongo haupiti."

"Mama, hizo kawasimulie watoto," akabeza, akagugumia chote.

Ukumbini salamu zilimtoka vizuri. Alipotaka kusifia maktaba, koo likajifunga kabisa. Akahamia sifa za mabweni, likakoroma. Alipofika kwenye usafi wa vyoo, likapiga mluzi.

"Na chakula cha wanafunzi kikoje?" mkaguzi akauliza kwa huruma.

Mtukufu akahangaika, akatoa jasho, kisha sauti ikafyatuka kama tarumbeta:

"Sijui. Mimi hula kwangu."