Robo ya Mume

Kijiko kiligonga ukingo wa kikombe gizani, mara mbili, kikanyamaza. Dobi akafumbua macho. Ilikuwa saa kumi na moja alfajiri na chai ilikuwa tayari. Mikono ya mumewe haikuhitaji taa ili kukoroga sukari. Macho yake yalikuwa bado nyumbani, nchi ya tatu kutoka hapo, pamoja na sehemu zake nyingine zote.

Alikunywa amesimama, akavaa sare ya hoteli anakofulia mashuka, akaibusu ile mikono vifundoni na kushuka ngazi. Mikono ikabaki kumwamsha mtoto.

Ilikuwa imefika mwaka uliopita, kuanzia viwiko kushuka. Kwa mujibu wa jedwali lililobandikwa ofisi ya vibali, mshahara wa dobi ulitosha kudhamini mtegemezi mmoja na robo. Yule mmoja alikuwa binti yao wa miaka sita, na hapo hapakuwa na mjadala. Kuhusu robo iliyobaki, karani wa dirisha la saba alimsogezea fomu yenye visanduku vinne: kichwa na sauti, kiwiliwili, mikono, miguu. Atie alama moja tu.

"Wengi huchukua nini?" dobi aliuliza.

"Inategemea, dada. Kuna wanaochukua miguu. Wanasema akishafika mlangoni mengine yatafuata."

"Yanafuata?"

"Hapana."

Dobi alifikiria nani atamvusha mtoto barabara na nani atamsuka nywele, yeye akiwa zamuni. Akatia alama kwenye mikono. Wiki sita baadaye ikatokea kwenye mkanda wa mizigo uwanja wa ndege, imeshika kibali chake yenyewe, mhuri umekolea: MTEGEMEZI HARUHUSIWI KUFANYA KAZI.

Mama mkwe hakumsamehe kwa alama ile. Alimpigia simu kila Jumapili.

"Mke mwenye mapenzi angechukua uso," alisema. "Wewe umejichukulia mfanyakazi wa ndani. Mimi huku namlisha mtu mzima kijiko kwa kijiko, fundi aliyekuwa akishonea maharusi! Cherehani nimeifunika shuka kama maiti."

"Mama, hebu niwekee simu sikioni," ilisikika sauti ya mume kwa nyuma. Kisha ikasogea. "Usimsikilize, mke wangu. Nimekuwa sultani. Nalishwa, nafungwa vifungo, nakunwa mgongo. Mikono haijambo?"

"Haijambo. Imekunja upya pindo za mapazia. Hii mara ya tatu."

"Inawashwa na hamu ya kazi, masikini. Na nywele za mtoto?"

"Njia zote zinapinda kushoto."

"Isamehe. Haioni."

Mwaka mzima dobi alifanya zamu za wenzake. Mwenye mgonjwa alimpa zamu yake, mwenye harusi alimpa yake, na mpiga pasi akamtania kwamba siku moja atajifua mwenyewe kwa makosa na kujianika. Dobi alicheka, akaendelea kupakia mashine. Hesabu yake ilikuwa nyepesi: akifikisha mmoja na nusu, kichwa na sauti vitakuja. Mtoto atasomewa hadithi na mtu anayezijua. Yeye mwenyewe atarudi jioni na kuulizwa, "Pole, umeshindaje?"

Dawa za kung'arishia mashuka zilimpasua vidole. Jioni aliviweka mezani, na ile mikono ikavitafuta kwa kupapasa, ikavipaka mafuta kimoja kimoja. Haikuwahi kuruka hata kimoja.

Siku ya kuhuisha vibali walikwenda wote. Mtoto alishika mkono wa kulia wa baba yake. Wa kushoto ulibeba faili. Karani aliyapitia makaratasi ya mshahara akitikisa kichwa kwa heshima.

"Hongera, dada. Umefika mmoja na nusu."

"Basi naomba fomu ya kichwa."

"Mmoja na nusu ya mwaka jana," karani alisema, akamwonyesha jedwali jipya ukutani. Gundi yake ilikuwa bado mbichi. "Kwa sasa hiyo ni mmoja na robo. Unaweza kuhuisha mikono. Au uirudishe kwao, lakini faili linafungwa, na foleni ya kuanza upya ni miaka minne."

Dobi alitoka kwenye korido akapiga simu. Alimweleza mumewe kila kitu bila kupamba.

"Ukiirudisha, kesho nashona," mume alisema.

"Ndiyo."

"Na mwanangu atakuwa na miaka kumi na mmoja ndipo aiguse tena."

"Ndiyo."

Kwa upande wa pili kijiko kilitua sahanini. Mama mkwe alimfuta mwanawe mdomo na kumwambia atafune vizuri. Safari hii hakumsema mtu.

"Iache," mume alisema. "Hapa natosha bila mikono. Huko mtu mmoja hatoshi."

Dobi alirudi dirishani akalipa ada, nayo ikamaliza pesa za zamu zote za wenzake. Pa kutia saini, mikono ilishika kalamu yenyewe ikaandika jina la fundi, mstari umenyooka kama mshono wa suti. Karani aligonga mhuri uleule. Mkono wa kulia ulikaa kidogo juu ya wino, kisha ukamrudia mtoto.

Mlangoni alikaa mlinzi mwenye daftari la wanaotoka. Aliwahesabu kwa ncha ya kalamu: mama mmoja, mtoto mmoja, mikono miwili. Mstari wa tatu, wa mikono, ulidai jina la mtu kamili, naye hakumwona wa kuandika.

"Mwenye mikono hii yuko wapi, bibie?" alimuuliza mtoto.

"Baba anakuja kidogo kidogo," mtoto alisema.