Nyumba ya Bi Adabu

Siku ile ilinichosha kabla haijafika adhuhuri. Asubuhi mhariri wangu, Bwana Lukindo, mtu mpole kweli, alinipigia simu kuhusu kitabu changu cha tatu juu ya siasa za shirikisho la Kanada. Viwili vya mwanzo vilihusu mabunge na katiba. Hiki nilikiandika kwa ajili ya jamii ndogo zinazosema Kifaransa nje ya Kwebeki, jimbo ambako Kifaransa ndiyo lugha ya wengi, zilizotawanyika katika majimbo ambako majirani karibu wote husema Kiingereza. "Dokta Nakundwa," aliniambia, "sura ya hao watu wadogo tuitoe. Msomaji wetu anataka mambo makubwa." Sura hiyo ndiyo kitabu chenyewe. Nami nikajibu, "Sawa, hakuna shida," kwa sababu alikuwa ameniomba vizuri, na kwa sababu nilikuwa nimechoka. Nikajilaza kwenye kochi na viatu miguuni, usingizi ukanichukua.

Nikajiona niko katika nchi pana yenye baridi, imegawanywa kwa malango, na kila lango lina bawabu wake anayebishana na wenzake kuhusu nani ashike ufunguo wa mto, nani wa shule, nani wa barabara. Kiburi alikuwa amekaa juu ya ukuta akiwachochea wote kwa zamu, na chini yake Maafikiano, mwanamke aliyekonda kwa kukimbia huku na huku, alikuwa akipeleka maneno ya huyu kwa yule, akiyalainisha njiani. Nilitaka kumsaidia, ila mkono wangu ulikuwa umeshikwa na mama mnene anayeburuta kandambili. Akaniambia jina lake ni Uchovu, na kwamba yeye ndiye atakayeniongoza. "Hawa umeshawaandika mara mbili," alisema. "Twende kwenye nyumba yenye joto ukapumzike."

Nyumba ilikuwa ya Bi Adabu, naye alitupokea mlangoni kwa mikono miwili. Ndani kulikuwa na ukoo mmoja mezani, wote wakisema Kifaransa kwa kelele ya watu walio kwao, na katikati yao bibi kizee aitwaye Kumbukumbu akisimulia jinsi mama zao walivyoficha vitabu vya Kifaransa ndani ya pipa la unga siku mkaguzi wa shule alipokuja kuvisaka, maana vilikuwa vimepigwa marufuku. Alikuwa amefika pale mkaguzi anapofunua pipa, mlango ukagongwa. Akaingia jirani, Bwana Wingi, amekuja kuazima koleo la kuzolea theluji. Alivua kofia, akasalimu, hakuomba lolote zaidi ya koleo. Lakini Bi Adabu aliinua kidole kidogo tu, na meza nzima ikahamia Kiingereza, kama watu wanaosogea kwenye benchi ili mgeni apate nafasi. Bibi Kumbukumbu Kiingereza hakukijua. Alifunga mdomo, akaanza kukusanya makombo ya mkate.

Wingi akapewa koleo, akapewa na chai, akakaa. Alikaa sana, kwa namna ya ndoto, mpaka watoto wakakua hapo hapo mezani, na wadogo kabisa wakaacha hata kumtazama bibi yao. Iliniuma. Nikamwinamia nikamwuliza kwa Kifaransa yule mkaguzi aliona nini.

"Mgeni yupo, mwanangu," alininong'oneza. "Tutamuudhi."

"Lakini bibi, hata hajui kama umenyamaza."

"Ndivyo tunavyotaka. Akijua ataona haya."

Nikamgeukia Bi Adabu kwa hasira, nikamwambia kwamba anawamaliza watu hawa. Alisikitika, na sikuona unafiki usoni mwake. "Mimi sijamfukuza mtu," alisema. "Wala Wingi hajawahi kuniamuru kitu. Nawaomba tu wasogee kidogo, nao ni watu wema, husogea." Uchovu akanivuta mkono. "Kaa, mwenzangu. Kubishana na mtu mpole kunachosha kuliko vita." Nilitaka sana kukaa. Hapo Wingi akaniuliza, kwa heshima zote, kama nami ningependa kutumia Kiingereza ili tuelewane sote, na nikasikia sauti yangu mwenyewe ikijibu, "Sawa, hakuna shida." Bibi Kumbukumbu akanyanyuka, akatia makombo yake mfukoni, akatoka nje kwenye theluji bila kuaga. Mezani hakuna aliyegeuka.

Nikazinduka miguu imevimba ndani ya viatu na simu inaita. Alikuwa Bwana Lukindo, na kabla sijapokea nilishaelewa kwamba nilikuwa nimekaa katika nyumba ile tangu asubuhi, na kwamba bibi alikuwa ametolewa kwa kauli yangu.

"Dokta, nathibitisha tu. Ile sura tumeitoa, sivyo?"

"Hapana, Bwana Lukindo. Inabaki."

"Lakini asubuhi ulikubali."

"Nilikubali kwa sababu uliniomba vizuri."

"Basi sidhani kama tutaweza kukichapa," alisema, bado kwa sauti ile ile ya upole. "Kusema kweli umeniudhi, Dokta."

"Najua," nikasema. Nilikuwa nimechoka vibaya, na radhi sikumwomba.