Nusu na Kura Moja

Katika mkutano wa mji, Eliakim Stowell alichana ukingo wa kalenda aliyokuja nayo kutoka jikoni kwake kwa mara ya tano tangu asubuhi, akaulaza gotini, akaandika jina la Shemasi Burbank kwa kipande cha penseli. Miguu yake ilikuwa imelowa chapachapa. Buti la kushoto lilikuwa na ufa wa kupitisha kidole, na majani makavu aliyoyashindilia ndani alfajiri yalikuwa yamegeuka uji baada ya maili sita za matope na theluji ya Machi.

Karatasi nyingine hakuwa nayo. Watu wa Kanali Whitcomb walikuwa wakigawa kura safi zenye jina lililopigwa chapa, pamoja na kikombe cha pombe ya matofaa kule kwenye banda la farasi. Yeye akapiga kura kwa kalenda. Kila aliyeuona ule ukingo ukitumbukia kwenye kofia ya kukusanyia kura mbele ya mwenyekiti alijua ni wa nani na unamtaka nani.

Karani wa mji, Orrin Tasker, alizimwaga kura mezani, akazihesabu mara mbili.

"Jumla mia na ishirini. Kanali Whitcomb, sitini. Shemasi Burbank, hamsini na saba. Waliotawanyika kwa majina mengine, watatu." Akakohoa. "Mmoja wao ni marehemu mchungaji, tuliyemzika mwaka juzi."

"Mpelekeni huyo huyo!" sauti ikapaa kutoka nyuma. "Angalau posho haili!"

Jengo la ibada likatikisika kwa kicheko. Mwenyekiti akagonga meza. "Hakuna aliyechaguliwa. Sheria inataka zaidi ya nusu, na sitini ni nusu kamili. Nendeni mkale, kisha tunapiga tena."

Ndivyo mambo yalivyokuwa New Hampshire wakati huo. Kumzidi mwenzako hakukutosha. Ilikupasa uwazidi wote kwa pamoja, hata wale waliopigia maiti. Mji ungeweza kupiga kura kutwa nzima, ukachoka, ukaacha kupeleka mtu bungeni kwa mwaka huo. Na Eliakim aliomba iwe hivyo. Kanali alitaka kwenda Concord, kwenye bunge, kwa neno moja tu: apate ruhusa ya kuinua bwawa la kiwanda chake cha mbao futi tatu zaidi. Bwawa lilivyokuwa sasa lilikuwa limeshameza ekari sita za majani ya Eliakim, na ng'ombe wake wote wawili wameuzwa kwa kukosa chakula. Futi tatu zaidi zingeingia mlangoni kwake. Shemasi alikuwa ameahidi kulipinga jambo hilo. Eliakim hakuwa na silaha nyingine duniani ila ule ukingo wa kalenda, na kwa mara tano ulikuwa umemzuia Kanali nje ya mlango wa bunge. Ilimpa kiburi kidogo. Kiburi hicho hakukionja tangu maji yapande.

Binti yake Keziah, mwenye miaka kumi na mmoja, alishuka kutoka roshani ya wanawake na ndoo ya chakula. Walikula mkate wa mahindi wakiwa wamesimama nyuma ya banda la farasi, mahali penye jua.

"Baba, mara ngapi tena?"

"Mpaka wachoke."

"Na mama? Nilimwachia maji tu."

"Tutawahi. Kula."

Kanali Whitcomb alikuja akitembea taratibu, glavu mkononi, watu wake watatu nyuma. Alikuwa mtu wa sauti ya chini, kwa kuwa hakuna aliyewahi kumwambia hamsikii.

"Stowell. Miguu imelowa?"

"Imelowa, Kanali."

"Nasikia maji huyapendi."

"Nayapenda yakiwa kisimani."

Mmoja wa wale watatu akacheka, akajikuta anacheka peke yake.

"Sikiliza," Kanali alisema. "Andika jina langu mara hii. Juni nitatoa mbao mbili pale bwawani, maji yashuke, ukate majani yako."

"Mwaka jana uliniambia hivyo hivyo. Juni ilipofika ningehitaji mtumbwi kuyakata."

Kanali hakukasirika. Alimtazama Keziah kuanzia viatu hadi kichwani, akaivaa glavu yake kidole kwa kidole.

"Una ulimi, Stowell. Basi nikuambie kitu. Kura yako nikiipata, nimepita. Lakini hata nisipoipata, ikikosekana tu mle kofiani, nimepita vilevile."

Akaondoka. Eliakim alibaki akikisukasuka kichwani kile alichoambiwa bila kukipata mwisho wake. Hesabu hakuwa nayo nyingi.

Ndani, kabla kofia haijawekwa mezani, mtu wa Kanali alisimama. "Bwana Mwenyekiti, napinga kura ya Stowell. Mtu anayelishwa na mji hapigi kura. Sheria inasema."

Eliakim aliinuka. "Nani analishwa na mji? Mimi?"

"Karani asome kitabu."

Tasker alifungua daftari la maskini wa mji. Alikuwa tayari ameweka ubua wa alama pale ukurasani, na Eliakim aliuona.

"Januari, tarehe kumi na tisa," Tasker alisoma. "Familia ya E. Stowell: nusu gunia la unga wa mahindi, na paja la nguruwe la chumvi. Imetolewa na Shemasi Burbank, msimamizi wa maskini. Amerudishiwa gharama na mji."

Eliakim alihisi uso wake ukiwaka. Aliikumbuka siku ile vizuri sana. Yeye na mkewe Thirza walikuwa wamelala wote wawili kwa homa, Keziah anachoma kiti cha mwisho, na Shemasi akaingia na gunia begani, theluji kwenye nyusi. Alipiga magoti akasali kando ya kitanda chao. Thirza alilia.

"Kile kilikuwa zawadi!" alisema. "Shemasi aliniambia mwenyewe. Nilimwambia nitalipa, akasema, 'Ndugu Stowell, hiki si cha mji, kinatoka kwenye stoo yangu.' Muulizeni! Shemasi, waambie!"

Watu wote wakageuka. Shemasi Burbank alikuwa amekaa mstari wa mbele, nywele nyeupe, mikono juu ya fimbo. Palihitajika sentensi moja tu. Angesema, nilitoa zawadi kisha nikaidai kwa mji, aibu ingekuwa yake na kura ingebaki ya Eliakim. Pamoja na hiyo, nafasi yake mwenyewe ya kwenda Concord ingebaki hai.

"Shemasi?" mwenyekiti aliuliza.

Shemasi aliyatazama mabuti yake. Yalikuwa mazuri, yamepakwa mafuta.

"Kitabu kimeandikwa kama kilivyoandikwa," alisema.

"Mungu anakuona, Burbank!"

"Keti, Stowell," mwenyekiti alisema.

"Alisali nyumbani kwangu! Alipiga magoti..."

"Keti, au utatolewa."

Alikaa. Kofia ilipita. Ule ukingo wa kalenda, wa sita, ulibaki kwenye kiganja chake ukilowana jasho. Tasker alihesabu.

"Jumla mia na kumi na tisa. Kanali Whitcomb, sitini. Shemasi Burbank, hamsini na sita. Waliotawanyika, watatu. Kanali Whitcomb amechaguliwa."

Sitini ile ile. Hapakuongezeka hata mtu mmoja aliyempenda Kanali. Amepungua mmoja tu asiyempenda. Sasa ndipo Eliakim alipoielewa ile hesabu, na kuielewa hakukumsaidia kitu.

Wengine walipiga makofi, wengi walitafuta kofia zao. Lakini orodha ya shughuli za siku haikuwa imekwisha.

"Kifungu cha kumi," Tasker alisoma. "Matunzo ya maskini wa mji kwa mwaka huu. Watapewa atakayetaja malipo ya chini kabisa kutoka kwa mji, kama desturi."

Alianza na mjane Orcutt, kipofu, ambaye alichukuliwa haraka na jirani aliyemchukua mwaka uliopita. Kisha Tasker akageuza ukurasa, na yule yule mtu wa Kanali akasimama tena.

"Bwana Mwenyekiti, sasa ni dhahiri Stowell ni maskini wa mji. Mji hauwezi kulisha nyumba nzima. Mama ni mgonjwa, hafai kazi. Ila binti ana afya. Napendekeza atolewe."

"Anayeunga mkono?" Mikono kadhaa ikainuka. "Haya. Aletwe aonekane."

Walimshusha Keziah kutoka roshani, ndoo bado mkononi. Walimsimamisha juu ya benchi ili walio nyuma wamwone urefu wake. Alimtafuta baba yake kwa macho, akampata, akabaki amemkazia.

"Senti hamsini kwa wiki," mtu mmoja alitaja.

"Arobaini. Anajua kukamua?"

"Anajua kusokota sufu?"

"Jibu, binti," mwenyekiti alisema.

"Najua vyote viwili, bwana."

"Ishirini na tano."

"Kumi," alisema Kanali Whitcomb kwa ile sauti yake ya chini.

Eliakim alikuwa amesimama bila kujua amesimama.

"Bure!" alipiga kelele. "Mimi namchukua bure! Mji hautatoa hata senti. Ni mwanangu, namchukua bure!"

Mtu mmoja alicheka, akanyamaza. Mwenyekiti alimnong'oneza karani, karani akatikisa kichwa.

"Maskini wa mji hana sauti katika mkutano huu," mwenyekiti alisema, na hakuwa amesema kwa ukali. "Senti kumi mara ya kwanza. Mara ya pili. Kanali Whitcomb amepewa, mpaka afike miaka kumi na minane."

Keziah alishushwa kwenye benchi. "Baba," aliita, "ndoo nimpe nani?" Mtu wa Kanali aliipokea, akaiweka sakafuni karibu na jiko.

"Kifungu cha kumi na moja," Tasker alisoma. "Kama nguruwe waachwe wazurure barabarani, au wafungiwe."

Hapo wanaume waliokuwa kimya muda wote waliinuka mistari yote, kila mmoja akiomba nafasi ya kusema. Mmoja alisema nguruwe nao wana haki zao. Kicheko kilikuwa kikubwa. Shemasi Burbank alizungumza kwa dakika tano nzima, tena vizuri, akiwatetea nguruwe.

Ikapigwa kura ya mikono. Karani aliwahesabu mmoja mmoja kwa kidole, mstari kwa mstari, na alipofika kwa Eliakim, kidole kilimruka kikaenda kwa mtu aliyekuwa nyuma yake.