Shahidi Asiyekuwamo Kwenye Orodha

Pa. Kimya kidogo. Pa. Kimya kidogo. Pa.

Sauti ilitoka nyuma ya mlango uliofungwa, na Indumati Lohkare, aliyekuwa ameketi na mama yake kwenye benchi la nje, aliitambua mara moja. Mtu akiwa nesi wa serikali kwa miaka ishirini na mmoja, sauti ya muhuri haimpotei. Saa ya ukutani ilionyesha saa nne na dakika arobaini. Shauri lake lilipangwa saa tano.

Tarishi, jina lake Gulab, akatoka na birika tupu.

"Wanapiga muhuri nini humo?" Indumati akamuuliza.

"Barua yako, sista."

"Barua gani? Mimi bado sijaingia."

"Hiyo hiyo ya kukufukuza. Sahibu mwenyekiti ana safari mchana, kwa hiyo wametangulia. Lakini usiwe na wasiwasi, utaitwa. Hapa haondoki mtu bila kuitwa."

Ilikuwa kweli. Kila mtu aliitwa.

Indumati alikuwa ameajiriwa katika nafasi zilizotengwa kwa Mahadev Koli, watu wa milimani. Pwani wako Koli wengine, wavuvi, ambao sheria haiwapi nafasi hizo. Mtu asiyetaja jina lake aliandika barua kwamba akina Lohkare walitoka pwani. Indumati hajawahi kuona bahari. Hata hivyo kamati ya kuhakiki makabila ilimtuma mkaguzi kijijini kwao, Kondhavne, na mkaguzi akaandika ukurasa mmoja. Indumati aliuomba ukurasa huo mara tatu kwa maandishi. Mara tatu alijibiwa kwamba ni siri.

Yaliyomo aliyajua kwa mama yake, Dhondabai. Mkaguzi alifika katika mwezi wa Shravan, mvua ikinyesha, akamkuta peke yake akichambua mchele. Akamuuliza, "Mama, mnamjua Waghoba?"

"Simjui," akajibu Dhondabai.

Waghoba ni mungu chui. Jiwe lake liko juu ya mashamba ya mpunga, limepakwa unga mwekundu uliochanganywa na mafuta. Tangu mvua ya kwanza mpaka sikukuu yake, siku chache kabla ya Diwali, hakuna mtu wa Kondhavne anayelitamka jina lile, wala anayekiri mbele ya mgeni kwamba anamjua mwenyewe. Majani ni marefu, ng'ombe wako malishoni, na ukimtaja anakuja. Miezi hiyo wanamwita Babu, nao wanamwita pale tu pasipo na njia nyingine. Mkaguzi alikuwa mtu wa mjini. Aliandika: familia haimjui mungu wa kabila lake.

Saa tano kamili wakaitwa. Wajumbe walikuwa watatu. Mwenyekiti, Bwana Khasnis, alikuwa ameshavaa viatu vya safari. Kulia kwake alikaa Bi Sulochana, mtaalamu wa mila, mwenye rula na kalamu nne. Wa tatu alikuwa akila karanga. Barua ilikuwa mezani, muhuri ukiwa bado mbichi.

"Una la kusema?" mwenyekiti akauliza.

"Ninalo. Nataka kuisoma ripoti, na mkaguzi aje hapa nimuulize alimhoji mama yangu mwezi gani."

"Mkaguzi yuko kazini."

"Na mimi nilikuwa kazini, sahibu. Nimeacha wajawazito wawili."

"Una la kusema jingine?"

Dhondabai, mwenye umri wa miaka sabini na minne, akasogeza kiti chake mbele. "Mwanangu hakuulizwa. Niliulizwa mimi. Basi niulizeni tena."

"Mama, ripoti imekwisha."

"Mimi sijaisha. Niulize."

Bwana Khasnis akatazama saa yake. "Haya. Unamjua Waghoba?"

Nje mvua ilikuwa ikinyesha. Dhondabai akamtazama binti yake, kisha akasema kwa sauti ya mtu anayeita jirani ng'ambo ya bonde, "Waghoba! Waghoba wa Kondhavne! Njoo, wanakuulizia!"

Gulab akaleta chai. Wajumbe walikuwa hawajafika nusu ya vikombe pale ngazi ziliposikika zikikwaruzwa, na chui wa jiwe akaingia. Alikuwa mkubwa kama ndama, mwekundu, ananuka mafuta na mvua. Miguu yake ilikuwa na tope la mpunga, maana alikatiza mashambani. Gulab alimtaka atie sahihi kitabu cha wageni, naye akaweka wayo.

Bi Sulochana akashuka na rula, akampima kuanzia pua hadi mkia. "Ni wa milimani," akasema. "Wa pwani hawana huyu."

"Andika kwamba kuna kitu," mwenyekiti akamwambia.

"Kitu?" Dhondabai akadakia. "Mwite kitu tena uone!"

Chui akajilaza miguuni pa kikongwe, akaanza kumlamba vidole. Ulimi wa jiwe ulisikika kama tupa kwenye jembe.

"Jina lake halimo kwenye orodha ya mashahidi," mwenyekiti akasema. "Orodha ilifungwa jana."

"Ripoti inasema hatumjui," Indumati akasema. "Mnamwona anavyotujua."

"Ripoti inahusu siku ile, sista. Leo ni siku nyingine." Akamsukumia barua. "Hujaridhika, nenda Mahakama Kuu."

Akamruka chui kwa uangalifu, akaenda safari yake. Mla karanga akafuata, akamwachia chui punje mbili.

Dhondabai alijaribu kumrudisha Babu nyumbani. Alikataa. Alitembea mpaka penye benchi la nje, akalala chini ya tangazo la zamu za mashauri, akangoja zamu yake. Ikapita wiki. Gulab alimwashia taa ya mafuta. Makarani wakaanza kumvunjia nazi kila Jumanne, na Bwana Khasnis mwenyewe, kila anapokuwa na mashauri mengi, humpaka rangi nyekundu upya, huinamisha kichwa, kisha huingia kufukuza watu.

Indumati alirudi siku ya tisa kuchukua nakala ya barua. Mlango wa zahanati ya Kondhavne, alikokuwa akifanya kazi, ulikuwa na kufuli tangu afukuzwe. Alikuwa amevaa sari yake nyeupe ya kazi, ingawa walishamwambia airudishe. Karani akamuuliza kama anataka kuiacha hapo.

"Sitaki," akasema.

Akachuchumaa mbele ya chui, akamfuta vumbi usoni kwa ncha ya sari, na wote waliokuwa kwenye benchi wakamsikia.

"Babu, kesho nakwenda Mahakama Kuu. Nitamtoa yule mkaguzi popote alipo, asimame mbele yako na mbele ya mama, na ukurasa wake nitausoma kwa sauti yangu. Nakuahidi. Hata kama mvi zitanitangulia kufika."