Vilivyokwama Kwenye Kabureta ya Katibu

Jumanne moja ya Oktoba mwaka 1992, saa tatu kasorobo asubuhi, Landrova ya Katibu iliingia kwenye gereji ya Zefania mjini Same ikinguruma kwa hasira, na dereva wake Athumani ameweka miguu yote miwili juu ya dashibodi ili kila mtu aone kwamba hakanyagi kitu. Aliisimamisha kwa kuielekeza kwenye rundo la matairi chakavu, akazima swichi, akashuka na kujipangusa vumbi.

"Fundi, mgonjwa wako huyu hapa," alisema.

Zefania alikuwa anakunywa chai. Aliimaliza kwanza, akakisuuza kikombe, ndipo akauliza mgonjwa anaumwa nini.

"Mafuta yanajivuta yenyewe," alisema Athumani. Huyu alikuwa mtu wa Kigoma aliyekuja zamani kukata mkonge, na mkonge ulipolala akashika usukani. "Nikiwa peke yangu, afadhali. Akipanda bosi ndiyo inachachamaa kabisa. Juzi tulikuwa tunakwenda Kihurio kuchukua mpunga. Kihurio tumeipita, bosi anapiga kelele, mimi nimeinua mguu. Tumekuja kusimamishwa na ng'ombe."

"Ng'ombe wa nani?"

"Hatukuuliza."

Zefania hakuwa fundi wa kukimbilia spana. Alifungua boneti akaanza kule mafuta yanakoanzia, yaani mguuni. Pedeli ilikuwa laini, ikishuka na kupanda bila kukwaruza. Alifuata vyuma vinavyotoka kwenye pedeli kwenda kwenye injini, akavichezesha kimoja kimoja kwenye maungio yake. Vilikuwa salama. Alimwambia Athumani awashe, akamwagia maji ya sabuni pale kabureta inapokaa juu ya injini, aone kama kuna mahali pananyonya hewa ya wizi. Povu lilikaa kimya. Alilegeza skrubu ya sailensi, ile inayoamua injini izunguke kwa kasi gani gari likiwa limesimama, akaitoa yote akaiweka mfukoni. Injini iliendelea kunguruma kana kwamba hakuna skrubu iliyowahi kuwapo.

Kitu kimoja hakukigusa. Ni ile springi inayorudisha mafuta dereva anapoinua mguu. Alikuwa anaifahamu. Aliifunga mwenyewe mwaka 1984, na alikuwa na sababu zake za kuitazama kwa pembeni.

Mwaka huo ukiitafuta springi ya kabureta nchi nzima, ungepata sabuni kwanza, na sabuni yenyewe haikuwapo. Landrova hii ilikuwa mpya bado, msaada wa kubebea wagonjwa kutoka zahanati ya kitongojini kwao Zefania, juu ya Myamba, kuwateremsha hospitali ya Gonja. Siku springi ilipokatika kulikuwa na mama mjamzito ameshalazwa kwenye kiti cha nyuma. Nesi wa zahanati, Hedwiga, ambaye ni dada yake Zefania wa tumbo moja, alikwenda akaitungua ukutani mizani ya kupimia watoto wachanga, akampa. Zefania akaichomoa springi yake, akaifunga kwenye kabureta, gari likaondoka.

"Nitairudisha wiki ijayo," alisema.

Wiki ijayo ilikuwa imechukua miaka minane. Kwa muda wote huo Hedwiga alikuwa akimpima mtoto kwa kumshika mkono huu, na mkono ule dumu lenye lita tatu za maji.

Landrova nayo ilikuwa imebadili kazi. Zahanati haikuwa na banda la gari, hivyo ikakabidhiwa kwa chama cha ushirika, na katibu wa chama alikuwa Sylvester. Ndiyo iliyopandisha mlimani vifaa vyote vya zahanati: mabati, vitanda, friji ya chanjo, saruji. Vilipanda na havikufika. Katika kila ripoti Sylvester aliandika maneno mawili, "vimepotelea njiani", na kwa kuwa njia ile ina kona nyingi, walio mbali waliridhika. Ushirika ulipokufa, mali yake ikanadiwa. Sylvester aliinunua Landrova, kwa kuwa yeye peke yake ndiye aliyejua siku ya mnada. Sasa biashara ilikuwa huria, naye alikuwa na duka la vifaa, nyumba ya kulala wageni na jina la Katibu, ambalo hakuna mnada uliolifikia.

Basi Zefania akafungua bomba la hewa na kuchungulia ndani ya kabureta. Humo kuna kisahani cha shaba, kipana kama mfuniko wa chupa ya dawa. Ukikanyaga mafuta kinageuka na kuachia hewa, ukiinua mguu kinafunga. Hiki kilikuwa hakifungi. Kitu kilikuwa kimekibana ukingoni.

Alikinasa kwa koleo akavuta. Ilitoka ncha ya bati.

Aliendelea kuvuta. Bati lilitoka lote, la futi kumi, likifuatiwa na jingine. Kufikia saa sita alikuwa ameshatoa mabati arobaini na kuyapanga kando ya uzio. Yalikuwa na matundu ya misumari, na nyuma yalipigwa mhuri wa rangi nyekundu: ZAHANATI. Kilichomkera ni kwamba yalimzibia njia ya kwenda chooni.

"Hii ni kawaida, fundi?" aliuliza Athumani.

"Kwa gari la petroli hutokea. La dizeli halina kisahani hiki, ndiyo maana watu wanalipenda."

Mchana vilitoka vitanda vinne vya chuma. Cha nne kilikuwa kizito na kilihitaji watu wawili, kwa sababu juu yake alilala mfanyabiashara wa vitunguu kutoka Singida, mgeni wa nyumba ya Katibu. Aliamka, akauliza kama basi la Mombo limeshapita, akaambiwa bado, akaomba maji ya kunawa uso. Baada yake ikatoka friji, ndani yake soda zingali baridi. Athumani alifungua moja. Mwishoni ilitoka saruji, ikiwa imeshakuwa sakafu, vipande vipande, imepakwa rangi nyekundu na kusuguliwa ikang'aa.

Kisahani kikafunga. Injini ikatulia.

Zefania alikaa juu ya kitanda akayatazama yale mabati. Binti yake Evaline alikuwa mlimani kwa shangazi yake Hedwiga, akisubiri kujifungua mtoto wa kwanza. Wiki mbili zaidi na vuli ingeanza. Chumba cha uzazi cha zahanati hakikuwa na paa, na Hedwiga alizalisha watu chini ya miavuli miwili iliyofungwa pamoja kwa kamba. Kila usiku wa mvua Zefania aliifikiria ile miavuli. Sasa paa lilikuwa limeegemea uzio wake.

Mafundi wana haki moja ambayo hakuna aliyewahi kuiandika. Gari likishapona, lazima lijaribiwe, na fundi ndiye anayechagua njia. Kuna gari lililowahi kujaribiwa mpaka harusini Gonja likarudi na maua. Zefania alimtazama Athumani.

"Hii inabidi ijaribiwe mlimani," alisema. "Tena ikiwa na mzigo."

"Kujaribu lazima," alikubali Athumani, akaanza kupakia.

Walikuwa wameshafunga kamba Katibu alipofika kwa miguu, amefuatana na mtendaji wa kata. Duka lake lilikuwa wazi juu tangu asubuhi na jua lilikuwa linakausha rangi kwenye makopo. Mgeni wake alikuwa ameondoka bila kuaga. Sakafu pia. Hakuonyesha kushangaa. Aliuzunguka mzigo, akausoma ule mhuri mwekundu, akatabasamu kwa uchungu wa mtu aliyesingiziwa kwa muda mrefu.

"Mnaona?" alimwambia mtendaji. "Miaka yote niliandika kwamba vimepotelea njiani. Watu wakanisema. Kumbe vilikuwa humu humu kwenye gari."

Mtendaji alikubali kwamba ripoti ilikuwa ya kweli.

"Sasa vimepatikana," alisema Zefania. "Virudi zahanati, Katibu."

Katibu alitoa mfukoni karatasi ya mnada iliyokunjwa mara nane. Alimpa mtendaji, mtendaji akaisoma kwa sauti: gari moja aina ya Landrova, pamoja na vyote vilivyomo. Aliirudia sehemu ya mwisho. Mfanyabiashara wa vitunguu, akisikia hivyo, alichukua begi lake akasogea mbali na gari.

"Lakini mimi si mtu wa ubishi," alisema Katibu kwa upole. "Kama yupo anayejua kuwa humu kuna mali ya zahanati, aseme, mtendaji aandike. Tuanze moja baada ya nyingine. Tuanzie kwenye injini. Ile springi pale, fundi, ni ya nani?"

Springi ilikuwa pale, imeandikwa kwenye kishikizo chake KILO 25, na picha ndogo ya mtoto ndani ya kikapu.

Zefania alijua kuwa angeweza kusema. Angesema ilitolewa kwa nia njema, kwamba alikuwapo mama kwenye kiti cha nyuma, kwamba ni springi moja tu na hayo ni mabati arobaini. Lakini mtendaji alikuwa ameshafungua daftari, kalamu imeelekezwa kwake, na jina la kwanza kuandikwa chini ya wizi wa mali ya zahanati lingekuwa Zefania. Alifungua mdomo. Aliona aibu, aibu kavu ya mtu mzima, na mdomo ukafunga bila kutoa kitu.

"Basi," alisema Katibu. "Athumani, peleka vitu dukani. Na springi mpya ninazo, fundi, njoo uchukue moja. Siku hizi zimejaa tele."

Kweli zilikuwa zimejaa. Zilining'inia mlangoni pa duka la Katibu kwa mafungu, kila moja ndani ya mfuko wake wa nailoni. Zefania alichukua moja, akaifunga, akarudisha skrubu ya sailensi akaigeuza kidogo kidogo mpaka injini ikazunguka polepole na sawasawa. Ile ya zamani aliifunga kwenye kitambaa, na Jumapili akaipandisha mlimani.

Evaline alikuwa amejifungua Ijumaa, na mvua nayo haikungoja Novemba. Zefania alimkuta amekaa kitandani, kanga imelowa begani.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, mama. Pole. Mwavuli ulitosha?"

"Wa kwangu ulitosha. Wa shangazi ulikuwa na tundu."

Hedwiga aliipokea springi, akaipangusa grisi, akaifunga ndani ya mizani na kuitundika mahali pake pa zamani. Ndipo akamtia mtoto kwenye kikapu. Mshale ulikwenda mpaka kilo ishirini na tano, ambazo ndizo mwisho wa uso wa mizani, ukavuka, ukaanza tena. Hedwiga alisimama akihesabu. Ulizunguka mara thelathini na tatu, kisha ukatulia kwenye kilo tatu na robo.

"Umemtoa yule mtu wa Singida kwenye hesabu?" aliuliza Zefania, aliyekuwa amemsimulia yote.

"Amejitoa mwenyewe," alisema Hedwiga. "Haya ni mabati, vitanda, friji na sakafu."

Nesi ni lazima aandike anachokiona kwenye mizani. Aliandika kwenye kadi ya mtoto: kilo mia nane ishirini na nane na robo. Akaongeza: hali nzuri, ananyonya. Zefania alimchukua mjukuu wake mikononi. Alikuwa mwepesi sana, na kichwa chake kilikuwa na harufu ya mvua.

"Ningesema neno moja tu, dada," alisema.

"Ungesema," alisema Hedwiga, akamwekea mama mwingine mwavuli sawa.

Tangu siku ile kila mtoto aliyetundikwa kwenye mizani ile alipimwa pamoja na vitu hivyo. Hedwiga alijaza fomu za mwezi kwa mwandiko wake mzuri na kuzituma kwa wakubwa. Wakubwa walizisoma kwa makini, wakazijumlisha na kuzigawanya, na mwezi wa Februari wakajibu.

Barua ilisomwa chini ya miavuli. Ilisema kwamba watoto wa kitongoji hiki wameonekana kuwa na afya ya kupigiwa mfano katika mkoa mzima, kwamba nesi anapongezwa, na kwamba kwa sababu hiyo maziwa ya unga yaliyobaki stoo ya zahanati yachukuliwe yapelekwe kwa watoto wenye shida. Aliyepewa kazi ya kuyabeba ni mfanyabiashara mmoja wa Same mwenye gari la kuaminika.

Zefania, aliyekuwa amekuja kumwona mjukuu, alilisikia gari hilo tangu likiwa kona ya tatu chini ya Myamba. Lilipanda bila kukohoa. Lilifika, likasimama mbele ya zahanati, Athumani akainua mguu, na injini ikashuka ikatulia, inazunguka polepole na sawasawa. Ilikuwa kazi safi. Zefania aliitambua kuwa ni yake.