Haya ya Scolastika

Scolastika alikuwa amebandika maharage na kukaa kibarazani kushona mfuko wa koti la mtu wa wizarani, pale kijana wa kampuni ya Anwani Janja alipofika na kishikwambi chake. Alipiga misumari miwili juu ya mlango, akatundika kibao cheupe chenye namba ya nyumba na tundu dogo la kusikilizia, kisha akaanza kumsomea masharti. Mtaa mzima pale Area D ulikuwa unapewa vibao hivyo, ili magari ya wagonjwa, ya zimamoto na ya taka yasipotee njia. Magari ya taka yalikuwa hayaji hata enzi yalipoijua njia, lakini hayo tuyaache.

Masharti yalikuwa marefu. Kijana aliyasoma bila kuinua macho, kama padri aliyechelewa misa ya pili: mkazi anaridhia, mkazi anakiri, mkazi anaondoa pingamizi, mkazi akinyamaza amekubali. Maharage yakaanza kunukia kuungua.

"Haya, haya, mwanangu, haya," alisema Scolastika, akakimbilia jikoni.

Ndilo neno tunalomwambia muuza karanga asiyetaka kuondoka, na mlevi anayesimulia jambo tulilolishuhudia wenyewe, na shemeji anayeaga kwa mara ya nne. Mtu akisema haya mara tatu mfululizo, kwetu maana yake ni nyamaza. Taa ya kijani iliwaka kwenye kibao, na sauti ya kike yenye adabu ikasema, "Asante kwa kukubali."

Kesho yake asubuhi kuta za nyumba ya Scolastika zilikuwa zinaonyesha.

Zilikuwepo. Ukizigonga, vidole viliuma. Ila macho yalipita moja kwa moja, kutoka barabarani hadi jikoni hadi uani. Jirani yake Masudi, mwenye bajaji, alikuwa amesimama kwake akipiga mswaki, akamwona anatafuta kiatu chini ya kitanda.

"Dada Sko, kingine kipo nyuma ya ndoo."

"Asante, Masudi."

Kilikuwa nyuma ya ndoo kweli. Nyumba ya Masudi haikupatwa na kitu. Kijana alimkuta mkewe peke yake, mke akasema, "Subiri baba watoto arudi," na kibao chao kinasubiri mpaka leo.

Kama angekuwa anaishi peke yake, Scolastika angezoea. Mtu hufika umri akachoka kuficha vyombo vichafu. Lakini katika chumba cha nyuma alikuwamo mdogo wake Flaviana, na Flaviana hakutakiwa kuonekana na mtu. Alikuja kutoka Bahi wakati wa palizi ya mpunga, mkono wa kushoto umefungwa kwa kanga. Mumewe Romani alikuwa ameuvunja kwa mpini wa jembe, mahali palepale alipouvunja mwaka uliopita, na alikuwa ameapa mbele ya ukoo kwamba atamtafuta mkewe mpaka ampate. Ndugu wote waliambiwa kwamba Flaviana yuko Morogoro. Katika chumba kile ndimo alimoanza tena kulala bila kushtuka.

Scolastika alitundika mapazia, na mapazia yakaonyesha mara tu yalipovuka kizingiti. Alipaka rangi, akakandika udongo, akasogeza kabati mbele ya kitanda, na kabati nalo likawa kama maji ya mtungi. Nguo za mwilini peke yake hazikuguswa, kwa kuwa masharti yalihusu makazi. Aling'oa kibao kwa nyundo akakitumbukiza chooni. Alipogeuka kilikuwa juu ya mlango, kikimtakia mchana mwema. Mke wa Masudi akamchukua Flaviana akalale kwao, lakini masharti yalimfuata kila mkazi wa nyumba ile popote alipo, na ukuta wa chumba alicholala ukaanza kupauka na kuonyesha. Mke wa Masudi ana mabinti wakubwa. Aliomba radhi, na Flaviana akarudi.

Scolastika alipata mwanasheria, mwanamama mmoja aitwaye Yudith, mwenye sauti kubwa na viatu vya kutembelea vumbi. Masharti yalisema malalamiko yaanzie kwenye Baraza la Malalamiko la Anwani Janja yenyewe, yaani ukiibiwa kuku uanzie kwa mwizi. Wakaenda. Mwenyekiti alikuwa mzee Silvano, mtu mpole sana, na upole wake ndio uliokera.

Yudith alisoma Katiba, ibara ya kumi na sita, inayompa kila mtu heshima na hifadhi ya maskani yake.

"Maskani yameondoka?" aliuliza Silvano.

"Yapo, mheshimiwa. Hayana hifadhi."

"Ukuta upo?"

"Upo."

"Basi mvua haiingii," alisema Silvano, na akaandika.

Yudith akageukia neno lenyewe. Alisema haya ni kuafiki, na haya ni kufukuza, na haya ni aibu anayoiona mtu mwenye malezi. Mteja wake alikuwa na maharage motoni na mgeni mlangoni. Haiwezekani mtu agawe nyumba yake kwa neno analolitumia kufukuzia kuku.

Silvano alisikiliza hadi mwisho, akatikisa kichwa kwa huruma. "Ninakuelewa kabisa, wakili. Mimi mwenyewe mke wangu akisema haya, naondoka. Lakini mfumo hausikii toni. Unachukua maana ya kwanza."

"Na Katiba?"

"Katiba haijaunganishwa na mfumo."

"Itaunganishwa lini?"

"Hilo ni suala la mafundi."

 Yudith alikuwa amekesha na kesi ile, amejilipia nauli, amekuja na mafaili yaliyojaa kiroba. Akayakusanya, akasimama na kusema, "Haya."

Taa ya kijani ikawaka kwenye kibao kilichokuwa ukutani nyuma ya Silvano. Uamuzi ukawa umekubaliwa na pande zote mbili, na rufaa ikafungwa. Inaudhi hata kuisimulia.

Mtaa nao ulizoea, kwa sababu mtaa huzoea lolote ukiachiwa. Watu walielekezana, "Kata kushoto kwenye nyumba inayoonyesha." Wateja walichagua mishono kutoka barabarani. Wenye heshima walipita wameinamisha uso, na wasio na heshima walisimama na kushauri chumvi. Flaviana alijifunza kuketi kwenye kona akiwa amewapa watu mgongo, kanga kichwani, lakini mtu aliyekua naye humjua hata kwa mgongo. Mwanamke mmoja wa Bahi aliyekuwa akipitisha kambale wakavu mtaani alisimama, akatazama, akasema kwa furaha kabisa, "Kumbe Flaviana yupo hapa, na mumewe anahangaika." Akaenda zake na beseni lake.

Romani alikuja asubuhi ya Jumamosi, amevaa shati lililopigwa pasi, kaka zake wawili wamebaki barabarani na pikipiki. Scolastika alimwona tangu kwenye kona, maana kuta zilionyesha pande zote mbili. Aliufunga mlango, akasukuma komeo, akaegemeza meza ya cherehani. Flaviana aliingia chumbani, akatoka, akaingia jikoni, akatoka. Romani alimfuata kwa nje, taratibu, chumba kwa chumba, kama mtu anayetazama samaki. Mwishowe akasimama mlangoni.

"Mbukwenyi," aliwasalimu kwa Kigogo. Kisha akasema, "Hodi."

Tangu kuta zianze kuonyesha hakuna aliyekuwa amebisha hodi pale. Watu waliona hakuna haja.

Ndani hakuna aliyejibu. Masudi alikuwa ameshatoka kwake na spana kubwa mkononi.

"Hodi," alisema Romani tena.

Flaviana alikuwa ameketi sakafuni katikati ya sebule, mkono mbovu ameuficha kwapani. Yeye na Romani walikuwa wanatazamana, na kati yao palikuwa na tofali zima la saruji. Dada yake alimwekea kidole mdomoni, kwamba asiseme kitu, hata ndiyo, hata hapana, hata haya.

"Hodi," alisema Romani mara ya tatu.

Akasubiri. Na hapa lazima nimpe haki yake, ingawa simpendi: aliposubiri na kukosa jibu, aligeuka. Mtu akibisha hodi tatu bila jibu, huondoka. Sheria hiyo haikuandikwa na Bunge lolote, na Romani, aliyevunja mfupa mmoja mara mbili, hakuwahi kuivunja. Alikuwa ameshateremka kizingiti, mguu mmoja kwenye mchanga.

"Karibu ndani," kilisema kibao, kwa sauti ya kike yenye adabu.

Komeo likajivuta lenyewe. Meza ya cherehani ikasogea pembeni.

Masudi aliinua spana. Lakini mtaa mzima ulikuwa umesikia karibu, na mgeni aliyekaribishwa hapigwi, na mkono wa Masudi ulibaki juu kidogo ukitafuta la kufanya, kisha ukashuka. Alilia baadaye nyuma ya bajaji yake. Mkewe alimwona.

"Hakuna aliyekukaribisha, shemeji," alisema Scolastika.

"Nimekaribishwa, dada. Wote wamesikia," alisema Romani, na alikuwa anasema kweli.

Hakupiga kelele. Alimshika mkewe mkono mzima, si ule mbovu, kwa kuwa watu walikuwa wanatazama. Flaviana aliomba aachwe kwanza ajifunge kanga vizuri, akajifunga, akatafuta viatu vyake na kuvipata kwa urahisi. Walipita mlangoni. Kibao kiliwatakia safari njema.

Scolastika alirudisha meza mahali pake. Koti la mtu wa wizarani lilikuwa bado halijaisha, akaketi, akatia uzi kwenye sindano, ikamshinda, akatia tena. Watu walianza kutawanyika barabarani.

Kibao kikamuuliza kama ameridhika na huduma.

Hakujibu. Aliuma midomo kwa nguvu, akakitazama tu, siku nzima kama ingebidi.

Kikasubiri kidogo, kisha kikawasha taa ya kijani na kumshukuru.